SOMO LA WAFANYAKAZI: KAZI IKITOLEWA KWA UPENDELEO KATIKA CHAMA CHA USHIRIKA



Hapa Dadamu, kama kwingineko kati ya Arua na Koboko, wengi wetu tunahusika na ushirika. Mmoja huuza mazao yake huko, mwingine huweka akiba ya mshahara wake, na mwingine ameajiriwa na chama kama karani, mpima mizani au mlinzi. Kwa hiyo kazi ikitolewa kwa udugu, sote tunaumia. Somo hili laeleza namna ya kupinga jambo hilo kwa sheria.

1. Mamlaka ya kuajiri ni ya nani?

Uganda ilipata sheria ya vyama vya ushirika mwaka 1946. Sheria ya mwaka 1970 ilimpa Waziri nguvu kubwa juu ya mambo ya vyama. Huko Tanzania, Kamati Maalumu ya Rais ilichunguza vyama mwaka 1966, na mwaka 1968 ikaundwa Tume ya Utumishi wa Ushirika. Kusudi lilikuwa kukata mizizi ya upendeleo, lakini kalamu ya kuajiri ilitoka mikononi mwa wanachama.

Sheria ya Uganda ya mwaka 1991, iliyorekebishwa mwaka 2020, inasema mkutano mkuu wa wanachama ndio wenye mamlaka ya juu kabisa. Kamati huendesha kazi kwa niaba yao, ikifuata masharti ya chama. Basi kamati haiajiri kama mtu anayeajiri mtumishi wa nyumbani kwake.

2. Milango miwili

Malalamiko ya namna hii yana milango miwili. Ukibisha usiopasa, siku zako hupotea bure.

Mlango wa kwanza ni wa mwanachama. Ikiwa kamati imemwajiri mtu kinyume cha masharti, mwanachama aandike barua kwa kamati na kudai jambo hilo liletwe mbele ya mkutano mkuu. Msajili wa Vyama vya Ushirika ana uwezo wa kuchunguza mambo ya chama. Mgogoro wa shughuli za chama, kati ya mwanachama na kamati yake, sheria yaagiza upelekwe kwa waamuzi. Anayekimbilia mahakamani moja kwa moja huenda akarudishwa mlangoni.

Mlango wa pili ni wa mfanyakazi. Sheria ya Kazi ya mwaka 2006 inamlinda hata mtumishi wa ushirika. Kabla ya kumfukuza kwa kosa au kwa kazi mbovu, mwajiri lazima amweleze sababu, amsikilize, na amruhusu kuwa na mtu aliyemchagua mwenyewe. Aliyefanya kazi wiki 13 mfululizo anaweza kulalamika kwa Afisa wa Kazi kwamba ameachishwa isivyo haki. Muda ni miezi mitatu tangu siku ya kufukuzwa. Akichelewa, itambidi aonyeshe sababu ya haki.

Na aliyeomba kazi akanyimwa? Kushindwa na mwenye ujuzi zaidi si kesi. Lakini sheria hiyo inakataza ubaguzi wa asili ya mtu, dini, jinsia, siasa au ulemavu.

3. Mfano

Tuseme kamati imemwondoa mpima mizani wa miaka sita bila kumsikiliza, ikamweka shemeji wa mwenyekiti bila kutangaza kazi, ingawa masharti ya chama hicho yanataka itangazwe. Hapa pana malalamiko mawili. Mpima mizani aende kwa Afisa wa Kazi mara moja, asingojee mkutano mkuu, maana miezi mitatu haimngojei. Wanachama nao waende kwa njia ya ushirika kuuliza juu ya shemeji.

Lakini tuangalie: shemeji naye ni mfanyakazi. Siku alizofanya kazi ni lazima alipwe. Akitolewa, naye afuatiwe utaratibu. Aliyevunja masharti ni kamati, na kamati ndiyo ya kujibu. Tukimtupa nje kwa nguvu leo, kesho tutatupwa sisi.

4. Silaha ni karatasi

Weka nakala ya masharti ya chama, barua yako ya kuajiriwa, hati za mshahara na barua ya kufukuzwa. Andika tarehe na majina ya waliokuwapo. Katika mkutano, dai uamuzi uandikwe katika kitabu cha kumbukumbu. Maneno ya chini ya mwembe hayasomwi mbele ya mwamuzi.

Maswali ya kujadiliana katika tawi

(a) Masharti ya chama chetu yanasema nini juu ya kuajiri? Nani amewahi kuyasoma?

(b) Mwenzetu akifukuzwa leo, nani atamsindikiza kwa Afisa wa Kazi, na siku gani?

(c) Katika mkutano mkuu uliopita, tuliuliza nini juu ya watumishi?

Ndugu, sheria iliyofungiwa sandukuni haimlindi mtu. Isomeni pamoja.