Picha Isiyo na Sanadi

Tumeulizwa na baadhi ya vijana wa darasa letu hapa Pumwani: Mtu akionyeshwa picha iliyokuja katika simu, akaulizwa imetoka wapi, ajibu nini?

Jawabu: Ajibu kwa kadiri ya ilimu aliyo nayo, asizidishe. Picha ni habari kama habari nyingine, na amri ya kuchunguza habari imo katika Suratul Hujurat, aya ya 6. Wanavyuoni wetu hawakuipokea Hadithi ila kwa sanadi yake. Vipi basi sisi twaipokea picha ambayo aliyeileta hamjui aliyeipiga?

Mwezi wa Agosti 2017, Waislamu wa Rohingya walipokuwa wakiuawa na kufukuzwa Myanmar, Mehmet Şimşek, aliyekuwa Naibu Waziri Mkuu wa Uturuki, alieneza picha akidai ni za msiba huo. Mojawapo ilionyesha watoto wawili wakimlilia mama yao aliyekufa. Picha ile ilikuwa ya kweli, lakini ilipigwa Rwanda, Julai 1994. Baadaye akaziondoa, na maji yamekwisha mwagika: Aung San Suu Kyi, aliyekuwa akiongoza serikali ya Myanmar, akazishika kuwa hoja ya kwamba ulimwengu wadanganywa, ilhali watu zaidi ya 700,000 walikimbilia Bangladesh kweli kweli. Na yule mama wa Rwanda naye akanyang'anywa msiba wake. Hili la pili watu hawalitaji, nasi twaliona kubwa.

Basi yampasa anayeulizwa aitafute picha kwa picha yenyewe katika mitambo ya kutafutia ya intaneti. Akiikuta ilichapishwa kabla ya tukio linalodaiwa, dai limebatilika, ijapokuwa asili ya picha haijajulikana bado. Asipoikuta, huo si ushahidi wa ukweli. Siku hizi mashine huzua picha ambazo hazikupigwa popote. Hapo aseme hajui. Imepokewa kuwa Imam Malik aliulizwa masuala 48, na katika 32 akajibu kuwa hajui.

Wala asimwite aliyeileta mwongo, kwani wengi huzieneza kwa huruma. Amwambie faraghani, kisha amwombe awaarifu wale wale aliowapelekea. Na picha ikija pamoja na nambari ya M-Pesa ya kuchangia, fedha zisitumwe mpaka mwenye nambari ajulikane kwa jina na kwa amana.