Ukuta wa majiwe wa kulinda udongo wa bustani

Sikilizeni, ninyi watu wa vilima vya Likasi, Kambove na Kolwezi. Mvula kubwa ya kwanza ikianguka, tazameni mayi ya kijito: ni mekundu. Ile rangi inatoka wapi? Inatoka katika bustani zenu. Ule ni udongo muzuri wa juu, wenye kulisha mboga na mahindi. Baba akiwa kazini katika mugodi, mama na watoto wanakula matunda ya bustani. Udongo ukienda zake, mutanunua unga kila siku, na mushahara hautaenea.

Ukuta wa majiwe unazuia udongo. Hauombi simenti wala feza. Unaomba mikono na uvumilivu. Mujenge wakati wa kiangazi, toka mwezi wa tano mpaka wa tisa.

1. Kupima. Ukuta ufuate mustari wa sawasawa, usipande wala kushuka. Fungeni miti miwili ya metre 2 pamoja kwa juu, na muti wa tatu katikati, kama herufi A. Toka juu ninginizeni kamba yenye jiwe. Simamisheni miguu, mutie alama pale kamba inapogusa muti wa katikati. Geuzeni, kila muguu ukae mahali pa mwenzake, mutie alama ya pili. Katikati ya alama mbili ndipo pa sawasawa. Sasa tembezeni kipimo katika bustani, na kila hatua mupige kijiti chini.

2. Kuchagua majiwe. Kusanyeni majiwe ya shamba na ya kilima. Mugeuze kila jiwe kwanza kwa fimbo, sababu nyoka hulala chini yake. Musichukue majiwe ya mugodi. Jiwe la kijani lina shaba, na shaba nyingi katika udongo inaharibu mimea. Majiwe ya Shinkolobwe ni mabaya zaidi: mugodi ule ulitoa uraniumu, na mwaka 2004 serikali iliufunga. Nguvu yake haionekani kwa macho, lakini inaharibu mwili.

3. Musingi. Chimbeni mufereji wa upana wa santimetre 50, kwenda chini 20 ao 30, mpaka udongo mugumu. Chini yake painame kidogo kuelekea kilima.

4. Kujenga. Majiwe makubwa yakae chini. Urefu wa jiwe uingie ndani ya ukuta, usilale mbele. Jiwe moja juu ya mawili, mawili juu ya moja, ili nafasi zisifuatane. Kila metre moja tieni jiwe refu lenye kushika mbele na nyuma. Jiwe likichezacheza, mulikaze kwa kijiwe toka nyuma, si toka mbele.

Nyuma ya ukuta jazeni majiwe madogo-madogo, upana wa santimetre 20. Mutu mwenye haraka anajaza udongo mutupu. Mvula inakuja, mayi hayapati njia, udongo unavimba na kusukuma, na kazi ya kiangazi chote inaanguka usiku mumoja.

Ukuta usipite santimetre 80, na kichwa chake kirudi nyuma santimetre 10 hivi. Kama kilima ni kikali, jengeni kuta mbili ao tatu fupi, si moja ndefu.

5. Kutunza. Juu ya ukuta pandeni majani yenye mizizi mingi, kama vetiver. Mvula kubwa ikiisha, zungukeni. Jiwe lililoanguka lirudi siku ile ile, sababu shimo dogo ni mulango wa mayi.

Mwaka wa kwanza mutaona udongo mwembamba tu nyuma ya ukuta. Musivunjike moyo. Kila mvula itaongeza, na watoto wenu watalima mahali palipo sawa.

Maulizo
Kwa nini mayi ya kijito yanakuwa mekundu?
Majiwe gani hayafai, na kwa sababu gani?
Nyuma ya ukuta tunajaza nini kwanza?