Mhusika Mjenzi na Uzito Wake: Sotiris Moustakas katika Filamu ya Kigiriki

Makala haya yanachunguza suala ambalo wahakiki wengi hulipitia juujuu: je, mhusika mjenzi ana kazi gani zaidi ya kumkuza mhusika mkuu? Mfano wetu ni Sotiris Moustakas, mwigizaji aliyezaliwa kisiwani Kupro mwaka wa 1940 na kufariki mwaka wa 2007.

Moustakas alikuwa hajatimiza miaka 25 alipoigiza kama Mimithos, punguani wa kijiji kimoja cha Krete, katika filamu ya Zorba the Greek (1964). Iliongozwa na Mkupro mwenzake, Michael Cacoyannis, kutokana na riwaya ya Nikos Kazantzakis. Nafasi kuu walipewa wageni, Anthony Quinn na Alan Bates. Lila Kedrova, mzaliwa wa Urusi, akatuzwa Oscar ya mwigizaji msaidizi wa kike.

Tutazame tukio la mauaji ya mjane. Kijana aliyempenda amejiua kwa kujitosa baharini, na kijiji kinamtwika mjane lawama. Wanakijiji wanamzingira na kumpiga mawe. Basil, msomi aliyelala kwake, hana analofanya ila kumtuma Mimithos akamwite Zorba. Zorba anafika na kumshinda mshambuliaji mmoja, lakini babake marehemu anamkata mjane koo. Zingatia mgawanyo wa majukumu: wenye akili timamu wanaua, msomi ameduwaa, punguani ndiye anayekimbilia msaada. Mtoto yeyote angeweza kupeleka ujumbe ule, na msuko usingeathirika. Kinachopotea tukimwondoa Mimithos ni kipimo cha utu wa kijiji kizima. Kumwita mhusika bapa na kuishia hapo ni uvivu wa uhakiki.

Baadaye Moustakas alijulikana nchini mwake kwa ucheshi. Aliigiza vichekesho vya Aristophanes jukwaani, na katika miaka ya 1980, runinga ilipokuwa imewapokonya wenye sinema watazamaji, akaigiza filamu za bei nafuu zilizotolewa moja kwa moja kwenye kanda za video. Wapo wanaozidharau kanda hizo (na baadhi zinastahili). Hata hivyo, mwili uliowachekesha Wagiriki ni ule ule uliomjenga Mimithos. Nje ya Ugiriki, wengi wanaikumbuka sura ya punguani yule bila kulijua jina la aliyemwigiza.