Gari Kuukuu Linapopungua Nguvu: Lipimwe Kabla ya Kununua Kipuri

Gari linapanda mlima, mara taa ya injini inawaka na nguvu zinapungua. Hata ukikanyaga mafuta hadi chini, mwendo hauongezeki. Mara nyingi injini haijafa. Kompyuta ya gari imepokea taarifa isiyoiamini, hivyo imepunguza nguvu kwa makusudi ili kulinda injini, giaboksi na abiria. Washa taa za tahadhari, kisha usimame mahali salama. Kuzima gari na kuliwasha upya huenda kukarudisha nguvu kwa muda, lakini hitilafu haijaondoka.

Fedha za mlaji hupotea gereji. Fundi huunganisha mashine ya kusoma hitilafu, namba hutokea, na papo hapo mteja huambiwa anunue sensa. Namba hiyo huonyesha mahali kompyuta ilipoona kasoro. Haithibitishi kwamba kipuri fulani kimeharibika. Chukua mfano wa P2135. Katika magari yenye throtoli ya umeme, sensa mbili hupima kwa pamoja kiasi ambacho kilango cha hewa kimefunguka, na kompyuta huzilinganisha. P2135 ina maana kwamba taarifa za sensa hizo hazipatani. Huenda sensa imechakaa kweli. Hata hivyo, soketi yenye kutu au waya uliotafunwa na panya huweza kuleta namba ileile, na matengenezo yake kwa kawaida ni nafuu kuliko throtoli nzima. Kadhalika P0299, inayoashiria shinikizo dogo la turbo: mpira wa hewa uliopasuka ukaguliwe kabla ya turbo yenyewe kulaumiwa.

Omba namba zote ziandikwe kabla ya kufutwa. Betri nayo ipimwe, kwani umeme hafifu huweza kuifanya sensa nzima ionekane mbovu. Betri ya volti 12 iliyojaa huonyesha takriban volti 12.6 gari likiwa limezimwa. Injini ikiunguruma, kwa kawaida ni kati ya 13.5 na 14.5. Kisha uliza: "Umepima nini hadi ukajua ni sensa?" Fundi stadi hakasirishwi na swali hilo.

Gharama ya upimaji ikubaliwe mbali na ya matengenezo. Dai kipuri kilichotolewa, pamoja na stakabadhi inayotaja namba ya hitilafu, kipuri kilichofungwa na muda wa dhamana. Kabla ya kukamilisha malipo, gari lijaribiwe mlimani, si uani mwa gereji pekee, na namba zisomwe tena baada ya safari hiyo.