Kufuli, Uzi na Mduara wa Tusi: Kusahihisha Bango Letu



Ndugu msomaji, kama ulipita kwenye maonyesho yetu ya muhula uliopita, huenda ulisoma bango la wino wa kijani lililosema kwamba Ibn Yunus wa Misri ndiye aliyegundua pendulamu, miaka mia sita kabla ya Galileo. Bango lile niliandika mimi. Nililirudia pia katika darasa la baada ya Maghrib, na takbira zikapigwa. Habari ile si sahihi, na kwa kuwa niliitangaza hadharani, naisahihisha hadharani.

Aliyenishtua ni dada mmoja anayesomea ualimu wa fizikia. Alisimama mbele ya bango, akasoma hadi mwisho, kisha akaniuliza kwa upole: "Kaka, aliandika hayo katika kitabu gani? Na alisema nini hasa juu ya bembeo lenyewe?" Sikuwa na jibu la swali la kwanza. La pili ndilo lililoniaibisha zaidi, maana nilitambua kwamba nilimsifu mtu kwa kugundua kitu ambacho mimi mwenyewe sikijui. Fizikia niliachana nayo sekondari, tena kwa furaha.

Basi nikaanza na swali la pili. Wengi wetu hapa Uganda tumesoma jambo hili kwa Kiingereza, na ndugu zetu wa Burundi na Kongo wamelisoma kwa Kifaransa. Nitalieleza kwa Kiswahili chetu, kama nilivyoelezwa na mwenzangu wa chumbani, ambaye anasoma uhandisi na ana subira nyingi.

Tulichukua kufuli la sanduku, tukalifunga kwenye uzi, tukauning'iniza uzi juu ya fremu ya mlango. Kutoka pale ulipofungwa hadi katikati ya kufuli ilikuwa mita 1. Nyuma ya kufuli tulibandika rula ya sentimita 30, sifuri yetu ikiwa pale kufuli linapotulia lenyewe. Kisha nikalivuta sentimita 10 upande wa kulia, nikaliachia bila kulisukuma. Tulihesabu bembea 20, kwenda na kurudi, na saa ya simu ikasoma sekunde 40. Kwa hiyo bembea moja kamili huchukua sekunde 2. Muda huo huitwa kipindi.

Sasa grafu. Simu nyingi hupiga picha 30 kwa kila sekunde ya video. Sekunde 2 ni picha 60. Tuliirudisha video taratibu, tukisimama kila baada ya picha 5, na kila tuliposimama tulisoma kufuli liko wapi kwenye rula. Kulia tukaandika chanya, kushoto hasi. Umbali huo kutoka mahali pa kutulia, pamoja na upande wake, ndio nitakaouita msogeo. Usomaji wetu ulitetereka milimita mbili tatu huku na kule, hasa pale kufuli linapokwenda mbio na picha kuwa na ukungu. Ukiusawazisha, unapata hivi: 10, halafu 8.7, halafu 5, halafu 0, kisha −5, −8.7, −10. Hapo kufuli limefika mwisho wa kushoto. Kurudi ni namba zilezile kinyume: −8.7, −5, 0, 5, 8.7, na 10 tena. Bembea moja imegawanyika hatua 12.

Chukua karatasi ya miraba. Muda uweke kwenye mstari wa chini, msogeo kwenye mstari wa wima, utie nukta zako na uziunganishe kwa mkono. Utapata mlima laini, bonde laini, kisha mlima tena.

Hapa nilikwama, na najua wengi hukwama hapahapa. Niliitazama grafu nikadhani ni picha ya njia ya kufuli, kana kwamba kufuli hupanda na kushuka kama wimbi la ziwa. Sivyo. Kufuli linakwenda kulia na kushoto tu, kwenye njia ileile fupi. Kinachoinyoosha karatasi kwenda mbele ni muda. Mwenzangu alinifundisha kuisoma kwa kuifunika grafu yote na karatasi nyingine yenye upenyo mwembamba wa wima, kisha kuisogeza polepole kutoka kushoto kwenda kulia. Ndani ya upenyo unaona kipande kidogo tu cha mstari, na kipande hicho kinapanda na kushuka mahali pamoja. Kile ndicho kufuli. Kabla ya hapo nilikuwa nimeambiwa maana ya grafu mara nyingi. Siku ile ndiyo niliiona.

Ukiisha kuisoma hivyo, tazama tena namba. Katika hatua ya kwanza kufuli limetoka 10 hadi 8.7, yaani sentimita 1.3 tu. Hatua ya pili limekwenda 3.7. Ya tatu, 5 nzima. Muda wa hatua ni uleule, moja ya sita ya sekunde, lakini umbali unaongezeka. Kwenye grafu jambo hili huonekana kama mwinamo: kileleni mstari umelala, maana kufuli limesimama kwa kitambo kidogo kisichopimika, unapokata mstari wa sifuri umesimama wima kuliko popote, maana hapo ndipo kasi ni kubwa kabisa. Kwa kufuli letu ni karibu sentimita 31 kwa sekunde.

Ajabu iko hapa. Mahali kufuli linaposimama ndipo linapovutwa kwa nguvu zaidi kurudi katikati, na mahali linapokwenda mbio zaidi, pale katikati, hakuna mvuto wa kulirudisha hata kidogo. Linapita kwa sababu tayari lilikuwa linakwenda. Mvuto wa kurudi unalingana na msogeo: msogeo ukiwa maradufu, mvuto ni maradufu, na daima unaelekea upande wa pili. Kitu chochote kinachotii sharti hilo kitakuchorea mstari huohuo, kiwe kufuli, springi ya kitanda au waya wa gitaa. Wanafizikia huuita mwendo sahili wa harmoniki. Neno "sahili" wanafunzi wa Kiarabu tunalijua, ni jepesi, lakini sharti lake si la kuchezea.

Tulifanya majaribio mengine matatu. Tulipoliachia kufuli kutoka sentimita 5 badala ya 10, milima ilikuwa mifupi kwa nusu, lakini vilele vilibaki palepale, kila sekunde 2. Tulipofunga kufuli zito zaidi na kulinganisha tena ile mita 1 hadi katikati yake, hakuna kilichobadilika. Tulipofupisha uzi hadi sentimita 25, vilele vilikaribiana, vikaja kila sekunde 1. Uzi umekuwa robo, kipindi kimekuwa nusu. Hapo utaelewa kwa nini fundi wa saa ya ukutani huhangaika na urefu wa fimbo wala hashughuliki sana na uzito wa kile chuma cha chini.

Tahadhari moja. Haya yote ni kwa bembea ndogo. Ukilivuta kufuli hadi uzi uiname nyuzi 60, kipindi huongezeka kwa karibu asilimia 7, na sharti la mvuto kulingana na msogeo halitimii tena sawasawa. Christiaan Huygens, Mholanzi aliyetengeneza saa ya pendulamu mwaka 1656, alilijua hilo vizuri na alilihangaikia miaka mingi.

Turudi kwenye swali la kwanza la yule dada. Sisi wa Masomo ya Kiislamu tumezoeshwa kuuliza isnadi: nani kakwambia, naye kamsikia nani? Lakini tukifika kwenye sifa za wanasayansi wetu, tunaisahau kazi hiyo. Nilipoifuatilia habari ya Ibn Yunus, niligundua kwamba kila ukurasa unanukuu ukurasa mwingine. Mwanahistoria David King, aliyesoma hati nyingi za falaki ya Kiislamu kwa Kiarabu chake mwenyewe, aliandika makala nzima mwaka 1979 juu ya kosa hili. Mnyororo unaishia kwa Edward Bernard, profesa wa falaki wa Oxford, ambaye mwaka 1684 alidai kwamba wanafalaki wa Kiarabu walipima muda kwa pendulamu. Waliokuja baada yake walilibandika dai hilo kwa Ibn Yunus. Kati ya Bernard na Ibn Yunus, aliyefariki Cairo mwaka 1009, kuna zaidi ya karne sita na nusu, wala hakuna hati inayojaza pengo hilo. Kwa lugha ya darasa letu la mustalah, isnadi imekatika. Kama ningeletewa hadithi ya namna hiyo kwenye mtihani, ningeikataa kwa mstari mmoja.

Na uchungu ni kwamba Ibn Yunus hakuhitaji sifa ya kuazima. Zij yake kubwa, iliyopewa jina la Khalifa al-Hakim, ina kumbukumbu za kupatwa kwa jua na mwezi zilizopimwa kwa uangalifu mkubwa kiasi kwamba katika karne ya 19 Simon Newcomb wa Marekani alizitumia kuchunguza mwendo wa mwezi. Ina pia majedwali ya jaib. Hili neno likae kichwani, maana linaturudisha kwenye mlango wa chumba chetu.

Namba zetu 12 tulizitoa kwenye video, lakini unaweza kuzipata bila kufuli. Chora duara lenye nusu kipenyo cha sentimita 10, uligawe kama uso wa saa, sehemu 12. Weka nukta kwenye saa 12 kwa hesabu ya akrabu, uizungushe alama moja moja kwa mwendo usiobadilika, na kila alama pima nukta iko juu au chini kiasi gani kutoka kwenye mstari wa katikati. Utapata 10, 8.7, 5, 0, −5 na kuendelea. Ni zilezile! Kimo hicho cha nukta inayozunguka ndicho wanahisabati wa Kiarabu walikijumlisha kwenye majedwali ya jaib. Neno lilitoka India, likaingia Kiarabu, likasomwa kama jaib, yaani mfuko wa nguo, na watafsiri wa Kilatini wakaliita sinus kwa maana hiyohiyo. Kwetu limefika kama saini, lisichanganywe na ile ya kwenye cheki.

Sasa aliyestahili bango. Nasir al-Din al-Tusi, aliyezaliwa mwaka 1201 na kusimamia kituo cha falaki cha Maragha kilichoanza kujengwa 1259, alikuwa na tatizo na Ptolemy. Alitaka mwendo wa kwenda na kurudi kwenye mstari ulionyooka, lakini utokane na miduara inayozunguka kwa mwendo sawa tu. Akaonyesha kwamba duara dogo likibingirika ndani ya duara lenye kipenyo maradufu, nukta iliyo kwenye ukingo wa lile dogo haizunguki: inakwenda na kurudi kwenye kipenyo cha lile kubwa. Jaribu kwa kata mbili za katoni, moja ya sentimita 20 yenye tundu la duara, nyingine ya sentimita 10. Utie alama ya kalamu kwenye ukingo wa ile ndogo, uibingirishe ndani taratibu, upime alama kila unapofika sehemu moja ya 12 ya mzunguko. Nimefanya hivyo mara tatu kwa kutoamini. 10, 8.7, 5, 0. Alama ya Tusi inakwenda kama kufuli letu.

Lakini nisirudie kosa lilelile kwa jina jipya. Tusi hakuwa anazungumzia pendulamu, hakuchora grafu ya msogeo na muda, wala hakusema neno juu ya mvuto wa kurudisha. Alikuwa anatafuta njia ya sayari. Copernicus naye alitumia hesabu ileile katika kitabu chake cha 1543, na jinsi ilivyomfikia ni mjadala wa wanahistoria ambao haujafungwa. Ninachoweza kuandika ukutani ni hiki tu: mwendo aliouthibitisha Tusi kwenye mstari wake, ukichorwa dhidi ya muda, unatoa mstari uleule wa bembea ndogo.

Ndivyo nilivyoandika. Bango jipya liko ukutani tangu Ijumaa, na yule dada amelisoma kwanza kabla halijabandikwa. Alinifuta neno "aligundua" sehemu mbili. Kufuli bado linaning'inia mlangoni kwetu. Anayetaka kupiga video yake aje baada ya Isha, ila aje na uzi wake, maana wa kwetu umeanza kukatika pale juu.