Kabla ya Kuchora Lori, Pima Kifaru

Ukisimama Kigonsera, kwenye barabara ya Songea kwenda Mbinga, utapishana na malori ya kahawa, ya mahindi na ya saruji. Ukirudi upande wa Songea yanaongezeka ya makaa ya mawe kutoka Ngaka. Wengi wetu tukiona lori kubwa tunauliza jambo moja tu: injini yake ina nguvu kiasi gani? Makala hii inasema swali hilo ni la tatu. La kwanza ni: linabeba nini? La pili: linapita wapi? Mfano wetu ni lori lenye mzigo mgumu kuliko yote, yaani lori la kubebea kifaru cha kivita. Wenzetu wa uhandisi watapata hesabu humu, ila hata mwana-sosholojia ataelewa, asikimbie.

Kwa nini kifaru kibebwe?

Mtu anaweza kusema: kifaru si kina injini yake, kiendeshwe tu! Tuchukue Type 59 ya Kichina, ambayo jeshi letu lilikuwa nayo wakati wa Vita vya Kagera. Ina uzito wa tani 36, injini ya nguvu za farasi 520, na mafuta yake ya ndani yanakwisha baada ya zaidi kidogo ya kilomita 400. Kutoka Dar es Salaam hadi Bukoba ni zaidi ya kilomita 1,300. Kikiendeshwa njia nzima, minyororo yake ya chuma inalika, injini inachoka, lami inachimbika, na askari wanafika hoi kabla ya kazi yenyewe kuanza. Kwa hiyo kifaru kinasafirishwa kwa reli, kwa meli au kwa lori, na kinashushwa karibu na mahali pa kazi.

Zamani mzigo mzito ulikatwa vipande. Meli ya Hermann von Wissmann, ile iliyopigwa na Waingereza pale Liuli mwezi Agosti 1914, ilitoka Ujerumani ikiwa vipandevipande, ikapitia mito Zambezi na Shire, kisha ikaelea Ziwa Nyasa mwaka 1893. Lakini kifaru hukikati. Kinakwenda kizima, na hapo ndipo kazi ya mchoraji wa lori inapoanza.

Mzigo ulivyolikimbia lori

Mwanzoni mwa miaka ya 1930 kampuni ya Scammell ya Uingereza ilichukua lori lake la Pioneer, lililokuwa likifanya kazi kwenye visima vya mafuta na porini, ikalitengenezea trela la vifaru. Injini yake ya Gardner ilikuwa na nguvu za farasi 102 tu. Halikuwa na mbio, ila lilikuwa na gia za chini sana na magurudumu ya nyuma yanayopanda na kushuka kufuata mashimo.

Vita Kuu ya Pili ilipopamba moto, vifaru viliongezeka uzito na Waingereza hawakuwa na malori ya kutosha. Wakaomba Marekani. Mwaka 1941 kiwanda cha Diamond T cha Chicago kilianza kutoa modeli 980: injini ya dizeli ya Hercules ya lita 14.7, nguvu za farasi 201, winchi nyuma ya kibanda cha dereva, na trela la matairi 24. Yalitengenezwa 5,871 ya modeli hiyo na ndugu yake 981.

Baada ya vita ikaja Thornycroft Antar. Hili nalo halikuchorwa kwa ajili ya jeshi. Lilichorwa kubeba mabomba ya mafuta jangwani Mashariki ya Kati. Jeshi la Uingereza lilipopata kifaru cha Centurion, chenye tani zaidi ya 50, likaona lori la mabomba ndilo linalofaa. Miaka ya 1980 kifaru cha Challenger kikafika tani 62, na Scammell ikatoa Commander yenye nguvu za farasi 625.

Marekani hali ilikuwa hiyohiyo. Lori lao la M911 lilichorwa kwa vifaru vya kizazi cha M60. Kikaja Abrams, kizito zaidi, na kila toleo jipya lilizidi la kwanza. Ndipo mwanzoni mwa miaka ya 1990 Oshkosh ikatoa M1070: magurudumu yote manane yanaendeshwa na injini ya nguvu za farasi 500, trela lina ekseli tano na matairi 40, na kibanda kina nafasi ya dereva pamoja na askari wa kifaru chenyewe. Abrams akaendelea kunenepa, likaja M1070A1 la nguvu za farasi 700.

Mtindo unaonekana: kifaru kinatangulia, lori linafuata nyuma likihema.

Hesabu ya mlima

Sasa tushike kalamu. Chukua Diamond T, trela na kifaru cha Sherman, tuseme jumla tani 55. Mlima una mwinuko wa asilimia 6, na barabara inarudisha nyuma (msuguano wa matairi kubingirika) kwa asilimia 1.5 ya uzito. Jumla asilimia 7.5:

Nguvu ya kuvuta = 55,000 × 9.81 × 0.075 = kama kilonyutoni 40.

Farasi 201 ni kilowati 150. Tukitoa asilimia 20 inayopotea kwenye gia na ekseli, zinabaki 120. Gawanya 120 kwa 40 unapata mita 3 kwa sekunde, yaani kilomita 11 kwa saa.

Rudia kwa M1070, ambalo likibeba Abrams jumla inazidi tani 100. Tuseme 105. Nguvu ya kuvuta inakuwa kilonyutoni 77, na kilowati zinazofika kwenye matairi ni kama 298. Mwendo: kilomita 14 kwa saa. Miaka hamsini ya maendeleo, injini kubwa mara mbili na nusu, halafu mlimani umeongeza kilomita 3! Nguvu yote imeliwa na mzigo.

Tairi lishike wapi?

Kuna jambo jingine ambalo injini haiwezi kulitatua. Tairi linavuta kwa kadiri linavyokandamizwa chini. Ili lipate kilonyutoni 40 kwenye changarawe kavu (mshiko wa 0.6), ekseli zinazoendeshwa lazima zibebe karibu tani 7. Kwenye udongo mwekundu wa Umatengo mvua ikinyesha (mshiko wa 0.3), zinahitajika karibu tani 14. Ukipungukiwa, matairi yanazunguka palepale hata ukifunga injini ya meli.

Ndiyo maana Diamond T lilikuwa na sanduku la kujazwa vitu vizito nyuma: lilivuta trela zima kwa mkono wa chuma, hivyo lilihitaji uzito wake lenyewe. M1070 limechorwa kwa mtindo wa semi tunaoujua. Sehemu ya mbele ya trela inakaa juu ya kichwa, na mzigo wenyewe unayakandamiza matairi yanayovuta. Uzito uliokuwa adui umepewa kazi.

Barabara ndiyo hakimu

Tarehe 3 Novemba 1978 daraja la Kyaka kwenye mto Kagera lilibomolewa na majeshi ya Idi Amin. JWTZ ililazimika kuweka daraja la muda ndipo ivuke. Kifaru, lori, mafuta, vyote vilisubiri chuma cha kupita. Hata uwe na lori bora duniani, daraja lina neno la mwisho.

Na si vitani tu. Sheria ya Jumuiya ya Afrika Mashariki ya mwaka 2016 inaweka kikomo cha tani 56 kwa gari na mzigo wake, na tani 10 kwa ekseli moja ya matairi manne. Majaribio ya barabara yaliyofanywa Illinois, Marekani, kati ya 1958 na 1960 yalionyesha kuwa uharibifu wa barabara hupanda takriban kwa kipeo cha nne cha uzito wa ekseli. Ekseli ya tani 12 badala ya 10: 1.2 × 1.2 × 1.2 × 1.2 = 2.07. Tani mbili tu za kuiba, lami inaumia mara mbili. Sasa unaelewa kwa nini trela la kifaru lina matairi 40, na kwa nini mizani si ya kuwasumbua madereva bure.

Hili linatuhusu vipi?

Nchi yetu imewahi kujaribu kuchora lori lake. Shirika la Nyumbu, Kibaha, chini ya Wizara ya Ulinzi, lilianzishwa 1985 na likatengeneza malori yenye jina hilo. Siku hizi tukizungumza kuhusu kutengeneza magari, mjadala unaishia kwenye injini: hatuna kiwanda cha injini, basi haiwezekani. Lakini tazama historia tuliyopitia. Scammell walinunua injini kwa Gardner. Diamond T walinunua kwa Hercules. Oshkosh nao walinunua kwa Detroit Diesel. Walichofanya wenyewe ni kuujua mzigo na njia, kisha kupanga ekseli, fremu, gia na trela kufuata hivyo viwili.

Mzigo wetu tunaujua: makaa ya Ngaka, mahindi ya Songea, kahawa ya Mbinga. Njia yetu tunaijua kona kwa kona, mlima Lukumburu ukiwemo. Fremu na trela ni chuma cha kuchomelea, na mafundi wa trela tunao. Mwanafunzi anayetafuta mada ya mradi wa mwaka wa mwisho aanzie hapo, apime ekseli moja ya lori moja kwenye mlima mmoja.

Jipime

1. Ekseli yenye tani 13 inaharibu lami mara ngapi ukilinganisha na ya tani 10? (Jibu: karibu mara 2.9.)
2. Lori la tani 56 lenye nguvu za farasi 400 linapanda mlima wa asilimia 6 kwa mwendo gani? Tumia njia ya hapo juu. (Jibu: karibu kilomita 21 kwa saa.)
3. Mlima huohuo, mvua imenyesha, mshiko ni 0.3. Ekseli zinazoendeshwa zibebe tani ngapi, na je, mizani itaruhusu? Hili mkalijadili bwenini.