Uji wa grafiti: tumia penseli, si mawe ya redio

Ndugu mfanyakazi, mvua za Bukavu zikianza, bawaba za mlango hulia na nati hukwama kwa kutu. Dawa yake waweza kuitengeneza nyumbani: uji wa grafiti.

Grafiti ni jiwe jeusi, laini, lenye kuteleza. Tanzania iko nyingi ardhini huko Mahenge. Wewe utaipata ndani ya penseli, imechanganywa na udongo.

1. Toa moyo mweusi wa penseli, uufunge katika kitambaa, uuponde polepole ili vumbi lisiruke.
2. Changanya unga huo na grese kidogo kidogo mpaka uwe uji mzito.
3. Paka kwenye bawaba na nati. Ndani ya kufuli tia unga mkavu tu, kwani grese hushika vumbi. Usiutie katika mashini: ule udongo hukwaruza chuma.

JIHADHARI!

Usipasue mawe ya redio kutafuta unga mweusi. Ule ni manganizi na dawa kali: huunguza ngozi na macho, na vumbi lake likivutwa kwa muda mrefu hudhuru ubongo.

Usichanganye na esansi karibu na mbabula.

Usipake kwenye vitu vya umeme: grafiti hupitisha umeme.

Kazini, usipake kamwe kwenye chupa ya oksijeni ya kuchomelea: grese ikikutana na oksijeni huweza kulipuka.

Nanyi akina mama, wekeni kikopo mbali na watoto. Kila mmoja anawe mikono kwa sabuni kabla ya kula.